Kourou na Kabibi: Ndoa ya Ngoma na Feza



Mtu anayefungua kijitabu kama hiki anatazamia kukuta habari za mahari, za matanga, za majina wanayopewa mapacha, za namna wazee wetu walivyogawana samaki ufukoni. Labda atashangaa kukuta humu habari ya sinema, tena sinema ya Kinshasa, mji ambao wengi wetu hapa Uvira tunaujua kwa redio kushinda kwa macho. Basi tueleze kwanza sababu.

Katika mazungumzo yetu ya jioni kuna bishano moja ambalo halijapata mwisho. Wazee wanasema: «Desturi ikiisha kuuzwa, imekufa.» Vijana wanajibu: «Desturi ambayo hakuna mutu anaitaka, nayo njo imekwisha kufa, tena bila maziko.» Wazee wanakasirika, vijana wanacheka, chai inapoa, kila mtu anarudi kwake. Mara nyingine tena, bishano linaanza pale pale lilipoachwa. Sisi tuliona ni vema tulitoe bishano hili kwenye viti vyetu, tuliweke mbele ya kazi moja iliyokwisha kufanywa, ambayo kila mtu anaweza kuiangalia na kuipima. Kazi hiyo ni filamu La Vie est Belle, iliyotoka mwaka 1987, ikaongozwa na watu wawili: Mweze Ngangura wa kwetu na Benoît Lamy wa Ubelgiji.

Tumeichagua kwa sababu tatu. Kwanza, Mweze Ngangura ni mtoto wa Bukavu; alizaliwa huko mwaka 1950, akasomea sinema Ubelgiji, kisha akarudi kufundisha Kinshasa. Ni ndugu yetu wa Kivu ya Kusini, na hata kama aliipiga picha Kinshasa, jicho lake lilifunguka karibu na sisi. Pili, mchezaji wake mkuu ni Papa Wemba, mtu ambaye sauti yake imepigwa katika kila harusi ya pwani hii, toka Kavimvira mpaka Baraka. Tatu, hadithi yenyewe ni bishano letu tupu, limevalishwa nguo ya mapenzi.

Hadithi yenyewe

Kourou ni kijana wa kijiji, mpiga muziki, maskini. Hataki kubaki na muziki wa kijiji. Anataka umeme, anataka redio na televisheni. Anakwenda Kinshasa. Mji unampokea namna mji unavyopokea kila mgeni asiye na mtu: anatafuta kula, anatafuta pa kulala, mwisho anapata kazi ya boyi katika nyumba ya tajiri mmoja anayeitwa Nvouandou, mwenye baa ya kuchezea muziki. Kourou amekwisha kumpenda msichana mmoja mzuri, Kabibi. Lakini tajiri naye ana shida yake ya siri: nguvu za kiume zimemwacha. Anakwenda kwa mganga. Mganga anampa dawa ya ajabu: aoe msichana bikira, na asimguse kwa siku 30. Msichana anayepatikana ni nani? Ni Kabibi. Na bibi mkubwa wa nyumba, Mamou, hawezi kukaa kimya mbele ya mke mpya. Hapo mambo yanakorogeka, watu wanadanganyana, mlango huu unafungwa na ule unafunguka, na mwishoni Kourou anapata vyote viwili: jukwaa na msichana.

Tuliiona mara ya kwanza katika nyumba ya video, juu ya viti vya mbao, kaseti imechakaa, na mtambo wa umeme ukipiga kelele nje kushinda sauti ya Papa Wemba. Wakati Kabibi alipoolewa na tajiri, mama mmoja nyuma yetu alisema kwa nguvu: «Mungoje tu. Huyu mutoto wa kijiji atamupata.» Watu wote wakacheka. Hakuna aliyekuwa na mashaka. Na hapo ndipo penye nguvu ya filamu hii, na ndipo penye udhaifu wake pia. Inatupa tunachokitaka. Swali la mhakiki ni: inatutoza bei gani?

Watu wawili wasiofanana

Hadithi za mapenzi kati ya watu wasiofanana ziko katika kila lugha. Bibi zetu walitusimulia za binti wa mwami aliyempenda mchunga ng'ombe. Kinachobadilika ni jambo linalowatenga. Zamani lilikuwa ukoo. Katika filamu hii ni feza. Kourou ana wimbo bila feza. Nvouandou ana feza bila nguvu. Kabibi yuko katikati, na wote wawili wanamhitaji ili wapone: mmoja apone umaskini wa moyo, mwingine apone mwili.

Tuangalie vizuri hapo, maana Ngangura ni mjanja. Tajiri anakimbilia wapi akiwa na shida? Anakimbilia mila: anakwenda kwa mganga, anafuata mwiko, anahesabu siku. Na mtoto wa kijiji anakimbilia wapi? Anakimbilia maikrofoni. Mwenye mji anataka dawa ya kijiji, mwenye kijiji anataka umeme wa mji. Wamepishana njiani kama malori mawili kwenye barabara ya Kamanyola, kila mmoja akiamini kwamba mzigo mzuri uko kule mwenzake anakotoka. Hili ni jambo la kweli. Tunalijua. Ni watu wangapi wakubwa wa mji huu wetu wanaosema hadharani kwamba mila ni ushenzi, kisha usiku gari lao linaonekana likipanda milimani kwenda kwa mganga?

Filamu inatuonyesha pia kwamba mila ikiguswa na feza inaweza kugeuka kuwa kifuniko tu. Ndoa ya Nvouandou ina sura ya desturi, lakini ndani yake ni biashara ya afya yake. Msichana amekuwa dawa. Wazee wetu walipotoa ng'ombe kwa ajili ya binti, walikuwa wanafunga ukoo na ukoo. Mtoto akizaliwa alikuwa na watu pande mbili. Siku hizi tunasikia mahari ikitajwa kwa dola, na bei inapanda kufuata diploma ya msichana. Neno limebaki lile lile, «mahari», lakini moyo wake umehamia sokoni. Ngangura aliliona mwaka 1987, akatuchekesha nalo, na ndiyo maana tulicheka bila kujua kwamba tunajicheka wenyewe.

Lakini tumlaumu hapa mahali pamoja. Kabibi ana jina la shangazi zetu, jina la Kiswahili kabisa, tulipolisikia tulifurahi. Ila filamu inatuonyesha zaidi anachokitaka Kourou, na anachokitaka tajiri, na hata wivu wa Mamou tunaujua kushinda ndoto za Kabibi. Yeye ni zawadi ya mwisho wa mashindano. Mamou ndiye mwanamke mwenye uhai hasa katika hadithi hii: anakasirika, anapanga, anasema. Kama filamu ingetaka kwenda mbali, ingemwuliza Kabibi: «Wewe, kati ya wimbo na feza, unachagua nini, na kwa nini?» Haikumwuliza. Katika hadithi ya ndoa ya watu wasiofanana, mmoja akikosa sauti, ndoa hiyo inakuwa ya mtu mmoja na nusu.

Filamu yenyewe nayo iko na ndoa

Sasa tusogee nyuma ya kamera. La Vie est Belle yenyewe ni mtoto wa ndoa ya wasiofanana. Ina waongozaji wawili, Mkongomani na Mbelgiji. Feza yake ilitoka zaidi Ulaya. Watu wake ni wa Kinshasa, nyimbo zake zimejaa Kilingala, lakini mazungumzo yake ni Kifaransa. Nani katika mitaa ya Matonge anagombana na mke wake kwa Kifaransa tangu asubuhi mpaka jioni? Hakuna. Kifaransa kiliwekwa ili filamu isafiri, na kweli ilisafiri: ilionyeshwa Ulaya na Marekani, na mpaka leo watu wakihesabu filamu za nchi yetu, hiyo inatajwa kati ya za kwanza.

Wakosoaji walisema: hii ni Kinshasa ya kadi ya posta. Umaskini unaimba, njaa inacheza, na utawala wa wakati ule hauguswi. Lawama hiyo ina ukweli. Mwaka 1987 mshahara wa mwalimu ulikuwa umekwisha kuwa mchezo, na «ujitegemee», ile tuliyoizoea kuita Article 15, haikuwa kichekesho kwa aliyelala na njaa.

Ila Ngangura alikuwa na jibu lake, na katikati ya miaka ya 1990 alilieleza kwa maandishi, katika makala iliyouliza kama sinema ya Afrika ni ya kupigana ao ni ya kufurahisha. Hoja yake, tukiieleza kwa maneno yetu, ni hii: watu wetu wanajaza nyumba za sinema kuangalia filamu za Wahindi na za karate, wakati filamu za Kiafrika zenye mafundisho makubwa zinaonyeshwa kwa wageni katika matamasha. Mwafrika naye ana haki ya kucheka mbele ya hadithi yake mwenyewe. Filamu isiyotazamwa na watu wake, hata ikiwa ya kweli namna gani, ni barua isiyofika.

Sisi tuliokaa kwenye viti vile vya mbao tunapaswa kukiri: kwa upande huo alishinda. Nyumba ile ya video ilizoea kuonyesha Wachina wakirushana mateke. Jioni ile, kwa saa moja na nusu kasoro, tulijiona sisi wenyewe. Yule mama wa nyuma yetu hakuwa anasoma maandishi chini ya picha. Alikuwa anajibizana na picha.

Pale serikali ilipoamuru uasilia

Kuna neno ambalo filamu hii haiwezi kulikimbia, hata kama hailitamki: authenticité. Wazee wanalikumbuka vizuri. Tarehe 27 Oktoba 1971 nchi ilibadilishwa jina ikawa Zaire. Mwaka 1972 majina ya Kikristo yakakatazwa, kila mtu akatafuta jina la babu. Suti na tai vikafukuzwa, ikaletwa abacost. Ngoma zetu za vijiji zikaitwa kwenye viwanja kumchezea Mobutu, na hiyo ikaitwa animation. Wasichana na vijana walifundishwa kucheza kwa pamoja kama askari. Wimbo wa mavuno ukatiwa jina la chama.

Tunawaomba vijana walielewe jambo hili, maana wao wanafikiri adui wa desturi ni soko peke yake. Hapa desturi haikuuzwa hata kwa franka moja. Iliamriwa. Na kuamriwa kuliiharibu vilevile, labda kushinda kuuzwa, maana mnunuzi unaweza kumkatalia. Tarehe 24 Aprili 1990, Mobutu alipotangaza mwisho wa chama kimoja, aliruhusu tena na tai. Basi vazi la «asili» la miaka karibu 20 likaanza kuachwa. Kitu cha asili hakiachwi haraka namna ile.

Ndani ya hali hiyo tunamwelewa Papa Wemba vizuri zaidi. Alizaliwa Lubefu, Sankuru, mwaka 1949. Mama yake alikuwa mwimbaji wa kilio, mama anayeitwa matangani ili aimbie maiti. Sauti ile ya juu, inayokata moyo, ilitoka kwenye kilio. Alikuwa kati ya waanzilishi wa Zaïko Langa Langa mwaka 1969, na mwaka 1977 akaanzisha Viva la Musica. Aliingiza lokole, ngoma ya mti ya vijijini, katikati ya magita ya umeme. Na huyo huyo, wakati serikali inaamuru abacost, akawa kiongozi wa vijana wa Sape waliovaa nguo za Paris na Italia. Nyumbani kwake Matonge akapaita Kijiji cha Molokai, na yeye mwenyewe akajiita chef coutumier.

Sisi tulio na Bami wa kweli, wa Bavira na wa Bafuliiru, tunaweza kuudhika: tangu lini mwimbaji anajitawaza? Ila angalieni alichokifanya. Desturi ya serikali ilikuwa na vazi la desturi bila uhuru. Yeye alivaa vazi la kigeni, akaweka ndani yake kilio cha mama yake na lokole ya babu yake. Nani kati ya hao wawili alikuwa wa asili?

Bei ya kupunguzwa

Hatutaki kumfanya mtakatifu. Miaka ya 1990 Papa Wemba aliingia katika kampuni ya Real World ya Uingereza, ya mwimbaji Peter Gabriel. Huko akatoa Le Voyageur mwaka 1992 na Emotion mwaka 1995. Emotion ilitengenezwa na mtayarishaji wa Kimarekani, Stephen Hague. Ni kazi safi. Lakini ukiipiga katika harusi ya Uvira, watu wanabaki kwenye viti. Nyimbo ni fupi, zimenyooshwa kwa sikio la mtu aliyekaa. Sebene, pale ambapo gita linazunguka na watu wanatoka jasho, limepata nafasi ndogo. Papa Wemba alilijua hilo. Ndiyo maana kwa miaka hiyo alikuwa na nyumba mbili, kikundi cha soko la Ulaya na Viva la Musica kwa ajili ya watu wa kwao. Alikuwa Kourou aliyeoa mara mbili, na kila mke alipata sehemu tu ya mume.

Wengine walimcheka. Sisi tunaona alifanya jambo ambalo wengi wetu hatulifanyi: alitofautisha. Alijua hiki ni cha kuuza kule, hiki ni cha kucheza hapa. Hatari inaanza pale ambapo kile kilichopunguzwa kwa ajili ya wageni kinarudi nyumbani na kuchukua nafasi ya kile kizima. Alianguka jukwaani Abidjan tarehe 24 Aprili 2016, akafa akiwa kazini, na Kinshasa ilimlilia kama ilivyomlilia mama yake maiti za wengine. Mwaka 2021, UNESCO ilipoiandika rumba ya Kongo zote mbili katika urithi wa dunia, yeye hakuwapo tena kusikia kwamba muziki wa baa umekuwa desturi.

Tuvuke ziwa kidogo. Usiku, kutoka ufukoni kwetu, tunaziona taa za Bujumbura. Huko ngoma za Burundi, ngoma za mwami, zilirekodiwa miaka ya 1960. Mwaka 1971 mtu wa Ulaya akachukua sauti ile, akaiwekea piano na gita, akaiuza kwa jina la Burundi Black. Ngoma zilisikika katika baa za Uingereza kabla wapigaji wake hawajafika huko. Baadaye wapigaji wenyewe walisafiri, wakarekodi kwa jina lao, hata kwenye kampuni ile ile ya Real World. Mwaka 2014 UNESCO ikaiandika ngoma yao. Na mwezi wa Oktoba 2017 serikali ya Burundi ikatoa amri: wanawake wasiipige, na anayetaka ipigwe nje ya sherehe za serikali apate ruhusa na alipe franka za Burundi 500.000 katika hazina.

Mnaona njia ilivyozunguka? Kwanza iliibwa na soko, kisha ikauzwa na wenyewe, kisha ikafungwa na amri. Katika hatua hizo tatu, ile ya katikati, ambapo wapigaji walisafiri na fimbo zao, wakapanga bei yao, wakarudi na feza yao, ndiyo iliyowaheshimu zaidi. Lakini tukiuliza wazee wetu kwa haraka, hiyo ndiyo wangeiita «kuuza desturi».

Kofia ya mfalme

Ngangura mwenyewe alirudia swali hili miaka 11 baadaye, na safari hii hakucheka sana. Filamu yake Pièces d'identités, ya mwaka 1998, iliyopata tuzo kubwa ya FESPACO kule Ouagadougou mwaka 1999, inamfuata mfalme mzee, Mani Kongo, anayekwenda Brussels kumtafuta binti yake Mwana. Amevaa alama zake za ufalme. Mji unamla feza zake, na siku inafika ambapo mzee anaweka alama zile rehani ili aishi. Huko nako kuna mapenzi ya wasiofanana, kati ya Mwana na dereva wa teksi chotara asiyejua vizuri yeye ni wa nani.

Tuziweke filamu mbili pamoja. Kourou anauza wimbo, na tunafurahi. Mani Kongo anaweka kofia yake rehani, na tunaumia. Kwa nini? Vyote viwili ni desturi, vyote viwili vimekwenda kwa feza. Tofauti ni kwamba wimbo ukiuzwa bado uko kinywani mwa mwimbaji. Kesho atauimba tena. Kofia ya ufalme ikitoka kichwani, kichwa kinabaki wazi. Na Kourou alitaka kuuza, mzee alilazimishwa na njaa. Hapo Ngangura ametufundisha jambo ambalo bishano letu la jioni lilikuwa halijaliona: ndani ya hicho tunachokiita kwa jina moja «desturi» kuna vitu vya namna mbili, na kila kimoja kinahitaji sheria yake.

Hapa kwetu

Tumalize kwa jambo lililotupata. Miaka si mingi iliyopita, shirika moja, ambalo hatutalitaja, lilikuwa na wageni wakubwa. Walituomba kikundi cha akina mama kiimbe wimbo wa kumsindikiza bibi arusi. Wimbo huo, wanaoujua wanajua, hauna haraka. Unaanza mlangoni kwa mama wa binti, unapita kwa shangazi, unamtaja kila aliyemlea, unamfundisha, unamliza, unamnyamazisha, na mpaka ufike kwa mume usiku umeingia. Kijana wa itifaki akaangalia saa, akamwambia kiongozi: «Mama, tuko na dakika kumi.» Mama yule akanyamaza kidogo, kisha akauliza: «Mwanangu, tumukate wapi bibi arusi? Ku kichwa ao ku miguu?»

Waliimba dakika kumi. Wakapewa soda na mashati yenye jina la shirika. Ubaya mkubwa haukuwa ule wa siku ile. Ulikuja baadaye, katika harusi ya mtoto wa mtaa wetu, harusi ya kweli yenye bibi arusi wa kweli. Wasichana wa kikundi wakaimba wimbo, na wakaimba ule wa dakika kumi. Shangazi alikuwa amekaa kwenye kiti chake, akingoja atajwe. Wimbo ukaisha. Sono ikawashwa. Yule shangazi akabaki akiangalia mikono yake.

Kourou alipofika jukwaani, sisi wote tulipiga makofi. Lakini mwisho ule wa furaha uko Kinshasa, chini ya taa. Kijiji kilichomfundisha kuimba hakimo katika furaha ile, na filamu haitwambii kama wimbo mzima bado unaimbwa huko, ao kama wamebakiwa na ule wa redio. Hilo ndilo pengo kubwa la La Vie est Belle, na sisi wa ufuko huu ndio tunaoishi ndani ya pengo hilo. Ndakala wetu wanapanda mpaka Bukavu, wanakaushwa, wanauzwa, na hakuna mvuvi wa Kalundu anayesema ziwa limeuzwa. Ila mvuvi anajua lazima aache samaki wadogo, la sivyo kesho lupu itarudi tupu.

Kwa hiyo, ndugu wasomaji, tunawaambia wazee wetu kwa heshima: si kila kinachouzwa kimekufa, Papa Wemba aliuza kilio cha mama yake na kilio kile kikamfikia mjukuu. Na tunawaambia vijana wetu: si kila kinachonunuliwa kiko hai, ulizeni shangazi yule. Tunapendekeza kwa chama chetu mambo matatu, yajadiliwe katika mkutano ujao. Kikundi kikiitwa, bei na muda vipangwe na akina mama wenyewe kabla ya siku, si na mwenye saa. Wimbo uliokatwa kwa ajili ya wageni upewe jina lingine, ili mtoto asiuchukue kuwa ndio wenyewe. Na kila mwaka, mara moja, uimbwe mzima, kwa ajili ya binti anayeolewa kweli, toka mlangoni kwa mama yake mpaka usiku uingie, hata kama hakuna kamera na hakuna soda.

Yule mama wa nyumba ya video alikuwa na haki: mtoto wa kijiji alimpata Kabibi. Sisi tunataka tu kwamba siku Kabibi atakapoolewa, awepo mtu anayejua kumsindikiza bila kumkata.